Mabingwa wa Kongo, na Kombe Ambalo Halijapanda Kivu

Jambo mama wa Keshero uliye jikoni na sombe yako, jambo mzee wa Mugunga, jambo ndugu motari uliyeegesha pale njia panda ya Lac Vert ukingojea abiria. Bei ya unga tuliizungumza jana na kesho tutaizungumza tena, maana haiendi popote. Leo tupumue kidogo. Leo tunazungumza mpira.

Na nawaomba, mpira wa Bulaya tuuache kwanza. Najua hapa Goma, mtaani kwetu, kuna watoto wanaoweza kukutajia hata wachezaji wa akiba wa Barcelona na Arsenal, pamoja na majeraha yao. Tubaki nyumbani, kwenye shampiona yetu ya taifa, hii tunayoiita Linafoot.

Nianze na swali. Nikikuomba unitajie timu zilizowahi kuwa bingwa wa Kongo tangu mwanzo, bila kumpigia mtu simu, utafika timu ngapi? Kijana ataniambia: Mazembe, Vita, Mazembe, Mazembe, Vita, basi. Mzee aliye karibu naye atamkatiza: na Imana je? Na Bilima? Na wale wa Kananga? Hapo ugomvi umeanza, chai imepoa, na kila mmoja anasema yeye ndiye aliyekuwapo.

Mimi nataka kuwapitisha kwenye orodha hiyo, polepole, bila kuwachosha kwa tarakimu. Na kuna jambo moja nawaomba mlishike tangu sasa, kwa sababu nitalirudia: ukiweka majina ya mabingwa wetu juu ya ramani ya nchi, utaona yamekaa pale penye fedha na penye njia. Kinshasa, Lubumbashi, na mara chache Kasai. Basi. Kivu hatumo. Tangu mwaka 1958 hadi leo hii tunapozungumza, hakuna timu ya Goma, wala ya Bukavu, wala ya Butembo, iliyowahi kuwa bingwa wa taifa. Hata moja. Je, ni kwa sababu watoto wetu hawajui kupiga mpira? Lishike swali hilo, tutafika.

Sasa turudi mwanzo kabisa.

Mwaka 1958, Mbelgiji bado yuko, mji wa Lubumbashi bado unaitwa Elisabethville. Bingwa wa kwanza anayeandikwa kwenye vitabu ni Saint-Éloi Lupopo. Na hapa lazima niwaambie ukweli ili mnisikilize kwa tahadhari: mimi ni mtu wa Lupopo. Nimezaliwa mashariki, naishi Lac Vert, lakini moyo wangu ni wa njano na buluu, na sitaomba radhi. Kwa hiyo ninaposema kwamba sisi ndio tuliofungua orodha, mnielewe.

Lupopo ni timu ya watu wa reli. Hadi leo mashabiki wake wanaitwa Cheminots. Reli ilibeba shaba, shaba ilileta mshahara, mshahara ukajaza uwanja. Na ng'ambo ya mtaa walikuwapo wenzao, walioanzishwa na mapadri Wabenediktini mwaka 1939, ambao baadaye walichukua jina la kampuni ya Kibelgiji ya matairi: Englebert. Timu yenye jina la tairi, wasikilizaji! Leo tunashangaa mabango ya kampuni za simu kwenye jezi, kumbe wazee wetu walikwisha kuvaa tairi kifuani miaka hiyo yote. Hao Englebert ndio mnaowaita leo Tout Puissant Mazembe.

Mnaona ramani inavyoanza? Reli, shaba, kampuni. Tuendelee.

Baada ya 1958 orodha inakatika. Mwaka 1960 uhuru ukaja, Katanga ikajitenga, nchi ikapasuka vipande. Nani angepanga ratiba ya mechi? Shampiona inapoonekana tena, mwaka 1963 na 1964, bingwa yuko Kinshasa, ambayo wakati huo ni Léopoldville: ni Daring, ambao wazee wanawajua kwa jina la Imana na vijana wanawajua kwa jina la Motema Pembe. Halafu Dragons, nao wa Kinshasa, mwaka 1965. Kisha Englebert wakaamka. Wakachukua 1966, wakachukua 1967, wakawaachia Lupopo mwaka 1968, wakarudi tena 1969.

Nisimame hapa kidogo, kwa sababu hapa pana utamu. Englebert hao hawakuishia kuwa mabingwa wa nyumbani. Mwaka 1967 walikutana na Asante Kotoko wa Ghana kwenye fainali ya klabu bingwa Afrika. Sare kule, sare huku. Ikapangwa mechi ya tatu, na Kotoko hawakutokea. Kombe likaja Kongo. Mwaka uliofuata wakalichukua tena, safari hii mbele ya Étoile Filante wa Lomé, wakawa klabu ya kwanza kulitetea kombe hilo barani. Halafu wakafika fainali mwaka 1969, wakafika fainali mwaka 1970, zote wakapoteza. Fainali nne mfululizo! Niambieni, ni timu gani leo inafanya hivyo?

Kisha ikaja miaka ya 70, miaka ya Zaire. Mnakumbuka, wazee: nchi ilibadilishwa jina, mto ukabadilishwa jina, hata wewe mwenyewe ukaamriwa uache jina lako la ubatizo. Je, mpira ungesalimika? Haukusalimika. Englebert wakawa Mazembe. Victoria Club wakawa Vita Club. Daring wakawa Imana. Dragons wakawa Bilima. Ndiyo maana mzee na kijana wanagombana hadi leo kuhusu mabingwa: mara nyingi wanazungumza juu ya timu ileile, kila mmoja kwa jina la ujana wake. Ukisikia mtu anasema Imana alikuwa bingwa mwaka 1974 na 1978, na mwingine anasema Motema Pembe alikuwa bingwa mwaka 1989, wapatanishe. Ni mtoto mmoja.

Miaka hiyo ya 70 ilikuwa ya Vita. Nasema hivyo ingawa hawanifurahishi. Walichukua 1970, 71, 72, 73, wakapumzika, 75, wakapumzika, 77, na 1980 tena. Na mwaka 1973 wakalibeba kombe la Afrika. Fainali ilikuwa na Kotoko haohao. Kule Kumasi Vita walifungwa nne kwa mbili, watu wakasema basi, imekwisha. Waliporudi Kinshasa wakawafunga tatu bila.

Miongoni mwa wachezaji wa Vita wa enzi hizo alikuwapo Ndaye Mulamba. Jina lake la utani ni Mutumbula, na mwaka 1974 alifunga mabao tisa katika Kombe la Mataifa ya Afrika moja. Tisa! Rekodi hiyo haijavunjwa hadi leo. Lakini angalieni alikotoka: alizaliwa Kananga, akacheza kwanza huko Kasai, kisha Kinshasa wakamchukua. Hilo nalo liweke akilini. Shaba inasafirishwa, almasi inasafirishwa, na mshambuliaji naye anasafirishwa.

Na mwaka huohuo wa 1974, Leopards wa Zaire wakaenda Kombe la Dunia Ujerumani Magharibi, timu ya kwanza kutoka Afrika iliyo kusini mwa Sahara. Wanatukumbusha kila mara zile tisa bila za Yugoslavia, kana kwamba hakuna jingine la kukumbuka. Mimi nakumbuka jingine: wachezaji wote 22 walitoka kwenye klabu za hapa nyumbani. Vita, Imana, Mazembe, Bilima na wenzao. Shampiona yetu peke yake ililisha timu ya taifa iliyokwenda Kombe la Dunia. Leo orodha ya Leopards ikitangazwa, tunahesabu kwenye vidole vya mkono mmoja waliobaki nyumbani.

Haya, mmechoka? Bado. Tunaingia miaka ya 80, na hapa orodha inafanya jambo zuri ambalo haijalifanya tena. Inafunguka.

Bilima walikuwa wamekwisha chukua mwaka 1979. Kisha mwaka 1983, bingwa ni Sanga Balende wa Mbuji-Mayi. Mwaka 1985, bingwa ni Tshinkunku wa Kananga. Mwaka 1991 ni Mikishi wa Lubumbashi, ambao hawakuwa Mazembe wala Lupopo. Mwaka 1995, Bantous. Mnasikia? Kasai imeingia. Timu ambazo leo kijana wa Goma akisikia majina yao anadhani ni majina ya vijiji, ziliinua kombe la taifa mbele ya wakubwa.

Mkiniuliza mimi, ubingwa wa Tshinkunku mwaka 1985 una uzito kuliko ubingwa kumi wa Mazembe. Mtanipigia simu kunitukana, najua, namba mnayo. Lakini fikirini. Mwenye fedha kushinda ni ratiba. Mtu wa Kananga kutoka kwao, kuvuka nchi hii isiyo na barabara, na kurudi na kombe, hilo ni jambo la kusimuliwa.

Lakini hata hapa ramani yetu haijatudanganya. Mbuji-Mayi ni mji wa almasi, na Kananga iko juu ya reli itokayo Katanga hadi Ilebo. Fedha na njia. Nimesema nitarudia, narudia.

Miaka ya 90 tutaipita haraka, kwa sababu nchi yenyewe ilikuwa inapita kwenye moto. Motema Pembe ndio waliotamba, wakachukua 1994, 1996, 1998 na 1999, na mwaka huo wa 1994 wakaleta hata kombe la Afrika la washindi wa makombe. Mazembe je? Mazembe walikuwa wamelala. Tangu 1987 hadi 2000 hawakuonja ubingwa. Kijana unayenisikiliza ukiwa umevaa jezi nyeusi na nyeupe, jua kwamba baba yako alikaa miaka kumi na mitatu akisubiri.

Nini kiliwaamsha? Mwaka 1997 klabu ilishikwa na Moïse Katumbi. Mfanyabiashara, baadaye gavana wa Katanga, baadaye mambo mengine ambayo leo nimeahidi kuyaacha kando. Aliingia na fedha, akanunua wachezaji, akajenga uwanja wa klabu kule Kamalondo uliofunguliwa mwaka 2011, akanunua hata ndege ya timu. Ndege, wasikilizaji! Wakati timu nyingine zinalala uwanja wa ndege zikingoja safari iliyoahirishwa, Mazembe, hao mnaowaita Kunguru, wanaruka na ndege yao. Kuanzia hapo orodha inasoma hivi: Mazembe 2000, 2001, 2006, 2007, 2009, kisha 2011, 12, 13, 14 bila kupumua. Hadi ubingwa wao wa 2024 wamefikisha ishirini. Vita wana kumi na tano, Motema Pembe kumi na mbili, na sisi wa Lupopo tuna sita tu, lakini sita zetu ni tamu.

Na huko nje? Ligi ya Mabingwa ya Afrika mwaka 2009, tena 2010, tena 2015. Ule wa 2010 nadhani hata mama ambaye hapendi mpira anaukumbuka. Desemba, Abu Dhabi, Kombe la Dunia la Klabu. Mazembe wanawafunga Pachuca wa Mexico. Wanawafunga Internacional wa Brazil mbili bila, bao la Kabangu, bao la Kaluyituka, na golikipa Kidiaba anaruka kwa makalio uwanja mzima. Timu ya kwanza ya Afrika kucheza fainali hiyo. Hapa Goma, watu ambao hawakuwahi kufika Lubumbashi walitoka nje wakipiga masufuria. Fainali Inter Milan wakatufunga tatu, lakini nani alikumbuka? Na msisahau: nyota wao mkubwa, Trésor Mputu, hakuwapo. Alikuwa amefungiwa baada ya fujo iliyotokea Kigali kwenye Kombe la Kagame. Kigali, hapo tu nyuma ya mpaka wetu.

Kwa nini watu wa Goma wanawapenda hivyo Mazembe, wakati Lubumbashi ni mbali kuliko Kampala, mbali kuliko hata Nairobi? Nimelifikiri sana jambo hili. Moja ni ushindi, maana ushindi hauna mwenyeji. Lakini jingine ni lugha. Uwanjani Lubumbashi watu wanashangilia kwa Kiswahili, wanatukana mwamuzi kwa Kiswahili, mchezaji akihojiwa anajibu kwa Kiswahili. Vita wanaimbiwa Kilingala. Kwa hiyo mtu wa Kivu akikosa timu yake kwenye orodha ya mabingwa, anachukua ile inayosema kama yeye. Na ule ubingwa wa Afrika wa 2015 ulitusogeza zaidi, kwa sababu mfungaji wao mkubwa alikuwa Mtanzania, Mbwana Samatta, na mwenzake Thomas Ulimwengu alikuwa hapohapo. Samatta ndiye akaja kutangazwa mchezaji bora wa Afrika kwa wale wanaocheza barani. Alitokea kwenye shampiona yetu.

Sitawasimulia raha tupu, haingekuwa haki. Tarehe 11 Mei 2014, Vita na Mazembe walikutana kwenye uwanja wa Tata Raphaël, Kinshasa. Mazembe wanaongoza bao moja. Mashabiki wakaanza kurusha mawe, polisi wakapiga gesi ya machozi, watu wakakimbilia milangoni. Watu wapatao kumi na watano walikufa. Ukifungua orodha, mwaka 2014 utakuta neno moja tu: Mazembe. Orodha haiandiki waliokufa, ndiyo maana mimi nawataja.

Sasa tufike nyumbani. Nimewaweka muda mrefu na lile swali: kwa nini Kivu hatumo?

Timu tunazo. Hapa Goma tuna DC Virunga, tuna Kabasha, tuna Dauphin Noir waliofika ngazi ya juu ya taifa. Bukavu wana Muungano na Bukavu Dawa, na siku hao wawili wanapokutana pale Kadutu mji unasimama. Butembo wana Nyuki. Na kombe la pili la nchi, Kombe la Kongo lile la mtoano, huku mashariki limeshafika: Maika wa Uvira waliwahi kulitwaa, Nyuki wamewahi kulitwaa, na jirani zetu Maniema Union wa Kindu pia. Kwa hiyo kushinda tunajua.

Tofauti ni nini? Kombe la mtoano ni mechi chache. Unajikaza, unamfunga mkubwa siku moja, unarudi nyumbani na kombe. Shampiona ni miezi. Na kwa miaka mingi shampiona yetu ilichezwa kwa kanda: Magharibi, Mashariki, na Kati-Kusini. Kila kanda inatoa wawakilishi, kisha wanakutana kwenye hatua ya mwisho, ile wanayoiita play-off. Sasa wewe ni kiongozi wa timu ya Goma. Piga hesabu nami. Bukavu unakwenda kwa boti, sawa, ziwa ni letu. Butembo barabara ipo, lakini kupita kwake ni kumwomba Mungu. Kindu, ndege. Kisangani, ndege. Umefuzu? Hongera! Kinshasa, ndege. Lubumbashi, ndege. Wachezaji zaidi ya ishirini, makocha, daktari, hoteli, chakula. Nani analipa? Hapa hakuna kampuni ya madini kama Gécamines, hakuna reli, hakuna mwenye ndege. Kuna mfanyabiashara mmoja au wawili wenye moyo, na mwanasiasa anayejitokeza mwaka wa uchaguzi. Uchaguzi ukiisha, jezi zinafifia na timu inafifia nazo.

Niwape mfano kutoka kwa majirani, ili msidhani nalalamika bure. Tanzania nako Simba na Yanga wamegawana karibu kila kitu. Lakini mwaka 1986 bingwa wa Tanzania Bara alikuwa Tukuyu Stars. Tukuyu ni mji mdogo wa milimani, kule Mbeya, mji wa chai na ndizi, karibu na volkano kama sisi. Mwaka 1999 na 2000 bingwa alikuwa Mtibwa Sugar, timu ya kiwanda cha sukari mashambani Morogoro. Tukuyu waliwezaje? Miguu yao si mizuri kuliko ya watoto wa Lac Vert. Lakini mtu wa Tukuyu hupanda basi, akashuka Dar es Salaam. Mtu wa Goma akitaka kucheza Kinshasa kwa basi, mtamwona lini?

Tena nitawaambia jambo la kuchekesha kidogo. Mwaka 2009 bingwa wa Kenya alikuwa Sofapaka, katika msimu wao wa kwanza kabisa ligi kuu. Mwenye timu ni nani? Elly Kalekwa, Mkongomani. Mkongomani alikwenda Nairobi, akaanzisha timu, akawa bingwa wa taifa la watu. Huku kwetu angekuwa bado anasubiri ndege.

Na wachezaji nao wameshajua njia. Fiston Mayele alikuwa bingwa na Vita mwaka 2021. Mwaka huohuo akaenda Yanga pamoja na Djuma Shabani, akawafundisha Watanzania kutetema wanaposhangilia bao, akaifikisha Yanga fainali ya Kombe la Shirikisho, kisha akaenda Misri na Pyramids, akawa bingwa wa Afrika mwaka 2025. Zamani mtu wa Kananga alichukuliwa na Kinshasa. Leo Kinshasa yenyewe inachukuliwa na Dar es Salaam. Kwa sababu gani? Mshahara unaofika mwisho wa mwezi. Shampiona yetu msimu wa 2022-2023 ilikatika katikati, haikupata bingwa kabisa. Ukifungua orodha, mwaka huo ni tupu, kama ile miaka ya Katanga kujitenga. Safari hii hakukuwa na kujitenga. Kulikuwa na mifuko mitupu.

Kisha msimu wa 2024-2025 orodha ikapokea jina jipya: Aigles du Congo, timu changa ya Kinshasa. Mazembe hapana, Vita hapana, Motema Pembe hapana. Nilifurahi. Jina jipya ni jambo jema kwenye orodha iliyokuwa imeanza kunuka. Lakini niliangalia ramani: bado Kinshasa. Na sisi Lupopo mwaka huohuo tulipata nafasi ya kwenda Afrika, na Oktoba tukawatoa Orlando Pirates kwa penalti, kulekule kwao Soweto. Niruhusuni niiseme hiyo mara moja tu. Kwa penalti!

Msimu huohuo huku kwetu mnaujua, sina haja ya kueleza. Mwisho wa Januari 2025 mji wetu uliingia mikononi mwa kundi la M23, na uwanja wa ndege ukafungwa. Nimewaambia tangu mwanzo: fedha na njia. Sasa mjumlishe wenyewe. Timu ya mji uliofungiwa uwanja wa ndege na benki itachezaje shampiona ya nchi ambayo miji yake imeunganishwa kwa ndege? Vijana wetu wengine wanacheza ng'ambo ya mpaka. Wengine wako Kinshasa na Lubumbashi, wamevaa jezi za mabingwa, na mkiwaona kwenye televisheni hamtajua kwamba walijifunzia hapa, juu ya haya mawe ya Nyiragongo yanayokula kiatu kwa wiki moja na kupasua mpira kwa siku moja.

Hapa Lac Vert penyewe, mnapajua pale zilipokuwa kambi za wakimbizi. Tarehe 3 Mei 2024 mabomu yaliangukia hapo, na Mugunga, yakaua watu, wengi wao akina mama na watoto. Mwaka uliofuata kambi zikavunjwa. Lakini kabla ya mabomu na baada ya mabomu, saa kumi jioni watoto walikuwa wanacheza. Watoto wa Masisi, watoto wa Rutshuru, watoto wa hapahapa. Niliwaona wamejigawa, hawa Mazembe, hawa Vita. Niliuliza: Virunga je? Dauphin Noir je? Mmoja akanijibu, "Hao hawachukuagi kombe, papa." Nikanyamaza. Ningemjibu nini?

Basi, wasikilizaji wapendwa, saa inanikimbiza, na fundi wetu hapa ananionyesha kidole. Wiki ijayo, saa ileile, tutaliangalia lile Kombe la Kongo, na hapo majina ya huku kwetu yatasikika. Kwa hiyo nawaomba wazee waliocheza Virunga, Kabasha na timu nyingine za Goma miaka ya zamani wapige simu hapa redioni kabla ya Jumamosi. Nataka kujua mlisafirije kwenda kucheza Bukavu na Kisangani wakati ule, na nani alilipa nauli. Na wewe wa Mazembe uliyekasirika kwa habari ya Tshinkunku, nawe piga, lakini usubiri zamu yako.